Marekebisho ya Nne ya Katiba ya Marekani

Marekebisho ya Nne ya Katiba ya Marekani ni kifungu cha katiba kinacholinda watu, nyumba zao, hati zao na mali zao dhidi ya upekuzi na ukamataji usio na sababu za haki. Ni sehemu ya marekebisho kumi ya kwanza, yaliyothibitishwa tarehe 15 Desemba 1791. Kifungu hicho kiliandikwa kabla ya simu, kompyuta na intaneti kuwepo. Kwa sababu hiyo mahakama za shirikisho zimelazimika mara kwa mara kuamua kinahusu nini kila teknolojia mpya inapoanza kutumiwa na polisi.

Asili

Wakati wa ukoloni maafisa wa Uingereza walitumia vibali vya jumla kuingia katika nyumba na maghala kutafuta bidhaa za magendo, bila kutaja mtu wala kitu walichokitafuta. Mwaka 1761 wakili James Otis alivipinga vibali hivyo mahakamani mjini Boston. Alishindwa, lakini hoja zake zilikumbukwa. Ndiyo maana kifungu kinadai kibali kitolewe kwa sababu za kuaminika tu, na kitaje wazi mahali pa kupekuliwa na watu au vitu vya kuchukuliwa.

Katika kesi ya Weeks dhidi ya Marekani (1914), Mahakama ya Juu iliamua kwamba ushahidi uliopatikana kinyume cha kifungu hiki hautumiki katika mahakama za shirikisho. Mwaka 1961, katika kesi ya Mapp dhidi ya Ohio, kanuni hiyo ilienezwa hadi mahakama za majimbo.

Simu

Kesi kubwa ya kwanza juu ya simu ilikuwa Olmstead dhidi ya Marekani (1928). Roy Olmstead aliuza pombe huko Seattle wakati ilipopigwa marufuku. Maafisa walisikiliza simu zake kwa miezi kadhaa kupitia nyaya zilizokuwa nje ya nyumba yake. Kwa kura 5 dhidi ya 4 Mahakama ya Juu ilisema hapakuwa na upekuzi, kwa kuwa hakuna aliyeingia kwake wala kuchukua kitu. Jaji Louis Brandeis alipinga. Alionya kwamba siku moja serikali itaweza kusoma hati za mtu bila kuzitoa kwenye droo yake.

Msimamo huo ulibadilika katika kesi ya Katz dhidi ya Marekani (1967). FBI ilikuwa imeweka kinasa sauti nje ya kibanda cha simu mjini Los Angeles ili kumsikiliza mcheza kamari. Mahakama ilisema kifungu kinalinda watu, si mahali tu. Kutokana na maoni ya Jaji John Harlan ulipatikana mtihani unaotumika hadi leo: je, mtu alitarajia faragha, na je, jamii inaona matarajio hayo kuwa ya haki?

Taarifa zilizo mikononi mwa wengine

Mtihani huo uliwekewa mpaka. Katika kesi za Marekani dhidi ya Miller (1976) na Smith dhidi ya Maryland (1979), Mahakama iliamua kwamba mtu anayekabidhi taarifa zake kwa benki au kampuni ya simu hawezi kudai faragha juu yake. Wakati ule taarifa hizo zilikuwa chache, kama vile namba zilizopigwa. Baada ya intaneti na simu za mkononi kuenea, karibu kila jambo la maisha ya mtu huhifadhiwa na kampuni fulani.

Enzi ya dijitali

Tangu mwaka 2001 Mahakama ya Juu imetoa maamuzi kadhaa yaliyopanua ulinzi:

* Kyllo dhidi ya Marekani (2001): polisi hawaruhusiwi kupima joto la nyumba kwa kamera maalumu bila kibali.
* Marekani dhidi ya Jones (2012): kuweka kifaa cha GPS kwenye gari la mshukiwa ili kufuatilia safari zake ni upekuzi. Katika kesi hiyo gari lilifuatiliwa kwa siku 28.
* Riley dhidi ya California (2014): kwa kauli moja majaji walisema polisi wanahitaji kibali kabla ya kupekua simu ya mkononi ya mtu waliyemkamata.
* Carpenter dhidi ya Marekani (2018): kwa kura 5 dhidi ya 4 iliamuliwa kwamba serikali inahitaji kibali ili kupata kumbukumbu za minara ya simu zinazoonyesha mahali mtu alipokuwa.

Katika kesi ya mwisho wapelelezi walipata alama 12,898 za mahali alipopita Timothy Carpenter kwa siku 127. Jaji Mkuu John Roberts aliandika kwamba kanuni ya mwaka 1979 haitoshi kwa kumbukumbu za namna hiyo. Hata hivyo hukumu ya Carpenter ilibaki, kwa sababu mahakama ya rufaa iliona kwamba wapelelezi walifuata kwa nia njema sheria iliyokuwepo wakati ule.

Masuala yanayoendelea

Polisi pia huomba kampuni za teknolojia orodha ya simu zote zilizokuwa karibu na mahali pa uhalifu. Mwaka 2024 mahakama ya rufaa ya New Orleans ilisema vibali hivyo vinafanana na vile vya jumla vya zamani, kwa kuwa vinawapekua watu wengi wasioshukiwa, ilhali mahakama ya rufaa ya Richmond iliruhusu ushahidi wa aina hiyo utumike.