Upweke si ukiwa
Mwenzangu mmoja alisema kwamba 'Dog Star Man', filamu ya majaribio aliyoitengeneza Mmarekani Stan Brakhage kati ya 1961 na 1964, inahusu 'ukiwa'. Nilimpinga. Katika sehemu ya kwanza, filamu fupi ya takriban dakika 30 isiyo na sauti, mwanamume mwenye shoka anakwea mlima wenye theluji, akiandamana na mbwa wake tu. Anateleza, anaanguka, anaendelea. Sasa, mkiwa ni mtu aliyefiwa au kutupwa na jamaa zake. Mpweke yuko peke yake tu, pengine kwa hiari. Huyu kaachwa na nani? Kapanda mwenyewe! Tukiuita upweke wake ukiwa, tutamlilia mtu asiyeomba machozi.