Fahamu: Mpaka wa Gisenyi na Goma, na swali la nani ni nani

Tangu waasi wa M23 walipoitwaa Goma mwezi Januari 2025, hapa Gisenyi, upande wa Rwanda, ng'ambo ya kizuizi tu, hausikiki mjadala ila wa nani Mkongomani na nani Mnyarwanda. Na ubishi huo, kwa sehemu kubwa, ni urithi wa makarani wa kikoloni.

Mwaka 1910 Wajerumani, Wabelgiji na Waingereza walipoafikiana huko Brussels, pasi na kumtaka shauri mwenyeji yeyote, kisiwa cha Ijwi, ambacho Mwami Rwabugiri wa Rwanda alikuwa amekiteka, kilitiwa Kongo, na jamaa wa damu moja wakawa raia wa dola mbili. Kisha Wabelgiji, walioishika Rwanda tangu 1916, wakatoa vitambulisho katika miaka ya 1930 vilivyomwandika kila mtu Mhutu, Mtutsi au Mtwa. Majina hayo, kwa insafu, hayakubuniwa na Mzungu. Lakini hali ambayo zamani iliweza kubadilika kwa mali na jaha, na ambayo katika Bugoyi yetu, eneo hili la Gisenyi, haikuushinda uzito wa ukoo, sasa iligandishwa kwa wino, ikarithiwa kutoka baba hadi mwana, na mwaka 1994 vitambulisho hivyo vikawa hukumu ya mauti vizuizini.

Rwanda ilifuta kabila katika vitambulisho baada ya mauaji ya kimbari ya mwaka huo. Kongo nayo, kwa sheria ya uraia ya 1981, ilidai nasaba ya nchini tangu 1885, kabla hata mpaka huu haujachorwa, dhuluma iliyodumu mpaka sheria ya 2004 ilipouweka badala yake mwaka wa uhuru, 1960.