Fidia si Faini: Maneno Yanayopotosha Madai ya Majeruhi

Tangu mwaka 2021, sheria ya Tanzania ilipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya utoaji haki mahakamani, kazi ya wafasiri imezidi kuwa nzito. Katika makala haya twakusudia kuyapima maneno machache yahusuyo madai ya mtu aliyejeruhiwa, kwani neno moja likieleweka vibaya laweza kumpotezea mtu haki yake.

Tuanze na faini na fidia. Dereva amgongaye mtu kwa uzembe hushtakiwa na Jamhuri. Akitiwa hatiani na kutozwa faini, fedha hizo huingia katika hazina ya Serikali. Faini ni adhabu. Fidia ni malipo apewayo aliyeumia kwa ajili ya hasara na maumivu yake. Ni kweli kwamba mahakama ya jinai yaweza pia kuamuru fidia ilipwe, lakini amri hiyo ni kitu mbali na faini. Aghalabu majeruhi husikia kwamba dereva "amelipa", naye akadhani shauri limekwisha. Sivyo: bado aweza kufungua shauri la madai. Lakini Tanzania Bara shauri la namna hiyo sharti lifunguliwe ndani ya miaka 3, na muda hauwangoji waliofahamishwa vibaya.

Neno la pili ni uzembe. Katika mazungumzo ya kila siku, mzembe ni mvivu. Katika sheria, uzembe ni kutochukua tahadhari ambayo mtu mwenye busara angeichukua ili asiwadhuru wengine. Fundi mchapakazi aachaye shimo wazi njiani usiku amefanya uzembe, hata kama hakupumzika mchana kutwa. Wala si lazima awe amekusudia kudhuru.

Hata hivyo, si kila fidia hudai uthibitisho wa uzembe. Wengi husema, "Mwajiri hakukosea, basi hakuna fidia." Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 haikujengwa hivyo. Mfuko ulioundwa kwa sheria hiyo, ambao ulianza kazi mwaka 2015, huchangiwa na waajiri, na mfanyakazi aliyeumia akiwa kazini kwa kawaida hatakiwi kuthibitisha kosa la mwajiri wake. Swali kuu ni kama madhara yametokana na kazi.

Tena kuna bima ya mtu wa tatu, ambayo sheria humlazimisha mwenye gari kuwa nayo. Wanafunzi huuliza: huyo wa tatu ni nani? Wa kwanza ni mwenye bima, wa pili ni kampuni ya bima, na wa tatu ni mwingine aliyedhurika, kama vile mpita njia. Bima hiyo haikuwekwa ili kutengeneza gari la mwenye bima mwenyewe.

Mwisho ni kifuta machozi. Kanuni za mwaka 2011 zinazohusu madhara ya wanyamapori hatari huweka malipo kwa aliyejeruhiwa na kwa jamaa za aliyeuawa. Malipo hayo huitwa kifuta machozi, na yale ya mazao huitwa kifuta jasho. Majina haya yamechaguliwa kwa makini, kwani ni pole, si fidia. Mtumishi aandikaye "fidia" katika barua ya namna hiyo huahidi kile ambacho kanuni haikuahidi, na malalamiko huzaliwa hapo.

Kwa hiyo twapendekeza yafuatayo:

Faini: adhabu ilipwayo Serikalini.
Fidia: malipo kwa ajili ya madhara, apewayo aliyedhurika.
Kifuta machozi: malipo ya pole, yasiyokusudiwa kulingana na hasara.
Hatia: itumike kwa jinai tu; katika madai tuseme dhima.

Mfasiri hana mamlaka ya kumpa majeruhi fidia. Ana mamlaka ya kumwonyesha mlango ulipo, na mlango huo ni neno lililo sahihi.