Nishani Haina Jina: Daftari Ndilo Shahidi

Katika masanduku ya nyumba nyingi za Kenya imo nyota ya madini ya manjano yenye pembe sita, iliyofungwa katika kitambaa. Wajukuu huitoa, wakaitazama taji na herufi za Mfalme George wa Sita, kisha wakaigeuza kutafuta jina la babu yao. Jina halimo. Mgongo wa nyota hiyo ni mtupu.

Nishani za Vita Kuu ya 1914 hadi 1918 zilichongwa namba na jina la askari. Lakini zile za vita vya 1939 hadi 1945, zilizotolewa na Serikali ya Uingereza, zilitolewa bila jina. Jambo hilo dogo limeleta taabu kubwa. Nyota yaweza kupotea, au kuuzwa, au kuvaliwa na mtu asiyefika vitani kamwe, nayo haiwezi kusema ni ya nani. Linaloweza kusema ni daftari la utumishi, yaani karatasi zilizoandikwa na makarani wa jeshi tangu siku askari alipoandikishwa mpaka siku alipoachishwa kazi. Daftari likikosewa, haki ya askari nayo imekosewa.

KILA NISHANI NA SHERIA YAKE

Watu wengi hudhani kwamba kila askari wa Keya alistahili nishani zile zile. Sivyo. Kila moja iliwekewa mahali pake na muda wake.

Nyota ya Afrika ilihitaji siku moja tu ya kazi katika eneo la vita. Kwa vita vya kaskazini mwa Afrika, siku hiyo iwe kati ya 10 Juni 1940 na 12 Mei 1943. Waliopigana Uhabeshi na katika nchi ya Wasomali waliipata pia, lakini kwao muda ulikoma tarehe 27 Novemba 1941, siku Gondar ilipotekwa.

Nyota ya Burma nayo ilihitaji siku moja, kati ya 11 Desemba 1941 na 2 Septemba 1945. Ndiyo iliyovaliwa na askari wa Divisheni ya 11 ya Afrika ya Mashariki, waliopita katika bonde la Kabaw wakati wa mvua kubwa za mwaka wa 1944, wakafika Kalewa kwenye mto Chindwin.

Nyota ya 1939-1945 ilikuwa ngumu zaidi, kwa kuwa askari wa nchi kavu alitakiwa kutimiza siku 180 katika maeneo ya vita. Hata hivyo, ikiwa kazi yake ya vita ilikatizwa na kifo au jeraha, upungufu wa siku haukumnyima haki. Sheria hiyo ina maana kubwa kwa jamaa za watu kama wale wapiga mizinga wa Afrika ya Mashariki waliokuwa katika meli Khedive Ismail, iliyozamishwa tarehe 12 Februari 1944 ikitoka Mombasa kwenda Ceylon, watu zaidi ya 1,200 wakafa.

Mwisho kuna Nishani ya Vita, yenye mfano wa simba aliyemkanyaga joka wa vichwa viwili. Hii ilihitaji siku 28 za utumishi wa jeshi, popote pale. Hata karani wa ghala aliyekaa Nairobi mpaka vita vikaisha aliistahili.

SIKU KUMI ZILIZOPOTEA

Tuseme askari alivuka mpaka wa Kenya kuingia nchi ya Wasomali tarehe 11 Februari 1941, akaendelea na kikosi chake mpaka 9 Agosti mwaka huo, kisha akarudishwa nyumbani asiende vitani tena. Ukihesabu siku ya kwanza na ya mwisho, ni siku 180 kamili. Basi karani akosee, aandike 21 mahali pa 11. Hesabu inakuwa 170. Nyota ya Afrika haipotei, maana siku moja yatosha. Lakini Nyota ya 1939-1945 imekwenda kwa kosa la tarakimu moja.

Majina huleta matata kama hayo. Mtu aliandikishwa kwa jina la kuzaliwa na la baba yake. Baadaye akabatizwa, na watoto wake wanamjua kwa jina la ubatizo tu. Pengine karani aliandika kama alivyosikia, akaweka L mahali pa R. Jamaa wakiuliza hujibiwa kwamba mtu huyo hakuonekana katika daftari, ijapokuwa yumo.

JINSI YA KUSAHIHISHA

La kwanza ni namba ya askari. Majina hufanana, lakini namba hutofautisha mtu na mtu. Yafaa inakiliwe yote, pamoja na herufi zilizotangulia, kutoka katika cheti cha kuachishwa kazi au kitabu cha mshahara.

La pili ni ushahidi wa wakati ule ule. Barua yenye tarehe na jina la kikosi, au karatasi ya hospitali ya jeshi, ina nguvu kuliko masimulizi ya miaka mingi baadaye. Masimulizi hayo yasidharauliwe, bali yaandikwe katika hati ya kiapo, na majina yote aliyotumia askari yatajwe.

La tatu ni kupeleka nakala, si karatasi zenyewe. Cheti kikipotea njiani hakuna kingine.

Maombi juu ya nishani za vita hivyo hupelekwa kwa ofisi ya nishani ya Wizara ya Ulinzi ya Uingereza. Askari akiwa amekufa, anayeomba ni ndugu yake wa karibu. Majalada ya ofisi za wilaya za zamani hutafutwa katika Nyaraka za Taifa, Nairobi.

Nyota yenyewe si dhahabu, wala hainunui ng'ombe. Lakini mtu aliyetoka kijijini akafika Chindwin anastahili kuandikwa sawasawa. Wazee walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Na heshima ni mali.