Daraja la Kwanza, Ngazi ya Tatu

Mwaka 2017, Serikali ilipohakiki vyeti vya watumishi wake, watu 9,932 walikutwa na vyeti vya kughushi. Waongo wamekwisha kulaaniwa vya kutosha. Leo twataka kumsemea mtu mwingine: mwenye cheti cha haki asiyejua kukieleza, akapunjwa ujira wake mchana kweupe.

Tazameni mafundi wetu. Katika majaribio ya ufundi ya zamani, daraja la tatu ndilo lililokuwa la chini, na la kwanza ndilo la juu. Utaratibu uliokuja baadaye chini ya VETA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1994, umegeuza hesabu hiyo: ngazi ya kwanza ni ya kuanzia, na ya tatu ndiyo kilele. Basi mchomeleaji wa makamo aliyefuzu daraja la kwanza akiandika tu kwamba ana "ufundi namba moja", na barua ikasomwa na karani kijana, atahesabiwa kuwa mwanagenzi. Kijana mwenye ngazi ya tatu naye hudharauliwa vivyo hivyo na mwajiri wa kale. Katika mji huu wa bandari na karakana, ambamo MV Mwanza ilishushwa majini Februari 2023, kosa la namba ni kosa la mshahara.

Kwa hiyo barua na itaje jina kamili la cheti, fani, daraja au ngazi, mwaka, na chombo kilichokitoa. "Nimesoma chuo" si maelezo. Astashahada na stashahada hukaribiana mdomoni tu. Katika tuzo za taifa za ufundi ya kwanza ni ngazi ya tano, ya pili ni ya sita. Naye aliyefika kidato cha nne asifaulu mtihani, aseme alifika, asiseme alifaulu. Makatibu wa matawi waombwao kuandika barua hizi wayaulize hayo kabla ya kushika kalamu.

Wako pia wasio na karatasi yoyote. Seremala wa Kayenze aliyefundishwa na babaye kuunda mitumbwi hana cheti, lakini mashua yake haivuji. VETA huwapima watu kama huyo kwa mahojiano na kwa vitendo, huwafundisha wanachopungukiwa, kisha huwapa cheti. Jambo hilo huitwa urasimishaji wa ujuzi. Mwenye haja aende ofisi za VETA, aulize kwanza kama fani yake imo katika zamu inayofuata.