Mashine Iliyoifunga Kesho ya Bahari

Mashine ya kubashiri maji ni mtambo wa magurudumu uliobuniwa kupiga hesabu ya kujaa na kupwa kwa bahari miezi mingi kabla ya siku yenyewe kufika. Watunzi wa hadithi huwazia mtambo unaoifunga kesho katika njia moja isiyogeuzika. Miongoni mwa mashine za kweli, hii ndiyo iliyolikaribia wazo hilo, na iliweza kwa sababu inachokibashiri hakina hiari.

Bahari huvutwa na mwezi na jua. Mvuto mkuu wa mwezi hurudi kila baada ya saa 12 na dakika 25, wa jua kila baada ya saa 12. Mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, mivuto hiyo huungana na kuleta bamvua. Mwezi ukiwa nusu hupingana, yakaja maji mafu. Wavuvi wa kamba katika delta ya Rufiji, nchini Tanzania, hujua hayo kwa tarehe za mwezi, tena kwa uhakika wa kuaminika. Nahodha wa meli kubwa huhitaji zaidi: saa, dakika na kimo cha maji kwenye mlango anaotaka kuupita.

Ugumu ni kwamba mwezi haukai umbali uleule kutoka duniani, wala haupiti juu ya mstari wa ikweta kila siku. Kila tofauti ya namna hiyo huongeza wimbi dogo lenye muda wake. William Thomson, mwanafizikia aliyejulikana baadaye kama Lord Kelvin, alitambua kuwa mawimbi hayo yanaweza kujumlishwa kwa mtambo, na mashine ya kwanza ikatengenezwa Uingereza mwaka 1872 na 1873.

Ilikuwa na sehemu 10, kila moja ikiwakilisha wimbi moja. Gurudumu la kila sehemu lilizunguka kwa kasi ya wimbi lake na kupandisha au kushusha kapi. Waya mmoja ulifungwa upande mmoja, ukapita juu na chini ya kapi zote kwa kupokezana, na kuishia kwenye kalamu. Mhudumu alipozungusha mkono wa mashine, kapi zilipanda na kushuka kila moja kwa mwendo wake, waya ukavutika na kulegea kwa jumla ya miendo yote, na kalamu ikachora mstari wa maji ya siku zijazo kwenye karatasi iliyokuwa ikijiviringisha. Maji ya mwaka mzima ya bandari moja yalipatikana kwa saa chache. Hata hivyo, mashine ilipaswa kwanza kupangwa kwa vipimo vilivyochukuliwa bandarini hapo, kwa maana umbo la pwani na sakafu ya bahari hubadili nguvu ya kila wimbi.

Thamani ya hesabu hizo huonekana wazi katika delta ya Rufiji, ambako bamvua hupandisha maji kwa zaidi ya mita 3. Maji yakipwa, matope ya mikoko hubaki wazi, mitumbwi hulala ubavu, na mkono wa mto uliopitika alfajiri huwa maji ya magotini. Manowari ya Kijerumani Königsberg ilijificha humo baada ya kuizamisha manowari Pegasus ya Waingereza bandarini Zanzibar tarehe 20 Septemba 1914. Meli kubwa za Waingereza hazikuweza kuifuata. Ziliagizwa meli za kivita Severn na Mersey, zilizohitaji kina cha chini ya mita 2, nazo ziliingia maji yakijaa tarehe 6 Julai 1915. Zilirudi tarehe 11 Julai, na siku hiyo Königsberg iliangamia.

Vita hivyohivyo, Vita vya Kwanza vya Dunia, viliwafanya Wajerumani waunde mashine yao ya kwanza mwaka 1915 na 1916. Katika Vita vya Pili vya Dunia, Arthur Doodson wa Liverpool alitumia mashine za aina hii kukadiria maji ya pwani ya Normandy kwa ajili ya shambulio la tarehe 6 Juni 1944. Kufikia miaka ya 1960 kompyuta zilikuwa zikichukua nafasi ya magurudumu, lakini hesabu ni ileile hadi leo.

Delta ndiyo inayoonyesha pia kikomo cha mashine hii. Mto Rufiji haumo kwenye magurudumu yake. Baada ya mafuriko ya 1978, mkondo mkuu wa maji baridi ulihamia upande wa kaskazini wa delta, na kilimo cha mpunga kikaufuata. Aprili 2024 mafuriko yalifunika mashamba na makazi katika wilaya za Rufiji na Kibiti. Tangu Desemba 2022, Bwawa la Julius Nyerere, lililojengwa kuzalisha megawati 2,115, linazuia na kuachia maji ya mto kwa maamuzi ya watu, na maamuzi hayo hayabashiriki kwa tarehe za mwezi. Jedwali la bahari peke yake, basi, humpa mkazi wa delta nusu ya habari anayoihitaji. Kiasi cha maji kinachoachiwa bwawani kinastahili kutangazwa mapema kwenye vijiji vya chini, sambamba na saa za bamvua.