Chembe ya Chumvi na Digrii 31.7

Weka mezani vijiko vitatu vya unga mweupe: chumvi, magadi yaliyosagwa na sukari ya unga. Mpishi atavitenganisha kwa ncha ya ulimi na mjadala utakuwa umekwisha. Sasa tuseme ulimi umekatazwa, maana huenda kijiko kimoja ni sumu. Utafanyaje?

Maabara nyingi zina mashine ya kazi hiyo. Haionji, hainusi, wala haina lenzi ya kukuzia. Inaupiga unga kwa eksirei, kisha inapima eksirei hizo zimetawanyika kuelekea pembe zipi. Baada ya dakika chache inachora vilele vilivyojipanga kama minara ya mji unaoonekana kwa mbali. Mtu aliyeizoea hahitaji hata kukaa kitini. Kilele kirefu kikiwa kimesimama kwenye digrii 31.7, anajua hiyo ni chumvi.

Kwa nini hadubini ya kawaida isitumike? Tatizo ni kipimo. Ndani ya chumvi, atomi ya sodiamu na jirani yake ya klorini zimeachana nanomita 0.28, na nanomita ni milimita moja iliyogawanywa mara milioni. Chembe yenye upana wa milimita 0.3, ile inayokwama kwenye tundu la kichupa cha chumvi, ina safu zinazokaribia milioni moja kutoka ukuta hadi ukuta. Mwanga tunaoonea una mawimbi yenye urefu wa nanomita 400 hadi 700, zaidi ya mara elfu ya nafasi hiyo. Kuutumia kuona atomi ni sawa na kusoma maandishi ya nukta nundu huku umevaa glovu za ndondi.

Wilhelm Röntgen aligundua eksirei mwaka 1895, na kwa miaka kumi na saba wanafizikia wakabishana kama ni mawimbi au ni vipande vidogo vinavyorushwa. Jibu lilitoka Munich, Ujerumani. Mapema mwaka 1912 kijana Paul Ewald alikuwa akimsimulia Max Laue utafiti wake kuhusu mwanga ndani ya fuwele. Laue alichotaka kujua ni kitu kimoja tu: hivi atomi humo ndani zimeachana kiasi gani? Aliposikia jinsi nafasi zenyewe zilivyo ndogo, akili yake ikahama kutoka kwenye mwanga na kwenda kwenye eksirei. Kama ni mawimbi, na kama ni mafupi kama ilivyodhaniwa, basi fuwele ingeyatawanya kwa mpangilio maalumu.

Walter Friedrich na Paul Knipping ndio waliofanya kazi ya mikono. Fuwele waliyoanza nayo si ngeni kwa mkulima wa kahawa: ni mrututu, yale mawe ya buluu yanayoyeyushwa majini na kupuliziwa mibuni ili kuzuia magonjwa. Waliweka kipande cha mrututu mbele ya mwale mwembamba wa eksirei, wakaweka bamba la picha nyuma yake, wakangoja kwa saa kadhaa. Bamba liliposafishwa lilikuwa na doa kubwa katikati, na kulizunguka kulikuwa na madoa madogo yaliyofifia, yamepangana. Picha yenyewe haipendezi hata kidogo, lakini iliamua mambo mawili kwa mpigo: eksirei ni mawimbi, na fuwele ni atomi zilizopangwa kwa safu. Laue alipata Nobeli ya mwaka 1914.

Kuyaona madoa ni jambo moja, kuyasoma ni jingine. Hapo ndipo wanaingia baba na mwana. William Bragg alikuwa profesa huko Leeds, Uingereza. Mwanawe Lawrence, aliyezaliwa Adelaide, Australia, alikuwa na miaka 22 na bado anasoma Cambridge. Eksirei hazikuwa ngeni kwa kijana huyu: alipovunjika kiwiko utotoni, baba yake ndiye aliyempiga picha ya mfupa kwa mtambo aliouunda mwenyewe.

Aliyesafiri kwa basi kupita mashamba ya mkonge ya Korogwe anaijua siri aliyoigundua Lawrence, ila hajui kwamba anaijua. Ukitazama dirishani unaona vurugu ya majani. Ghafla mistari inafunguka, vichochoro virefu vilivyonyooka hadi mwisho wa macho. Basi linasogea kidogo, vichochoro vinafumba, na vingine vinafunguka kwa mshazari. Mikonge haijahama. Pembe yako ndiyo iliyobadilika. Lawrence aliitazama fuwele kwa jicho hilo hilo: badala ya kuhangaika na kila atomi peke yake, akaziona kama tabaka juu ya tabaka, na kila tabaka linarudisha sehemu ya eksirei kama kioo hafifu. Wimbi linalorudi kutoka tabaka la pili limesafiri mbali kidogo kuliko lililorudi kutoka la kwanza. Kama ziada hiyo ya safari inalingana kamili na urefu wa wimbi moja, au mawili, au matatu, mawimbi yote yanatoka kwa hatua moja kama askari kwenye gwaride, na nguvu zao zinajumlika. Ikipungua au ikizidi kidogo tu, wimbi hili linalifuta lile, na kwa kuwa tabaka ni maelfu kwa maelfu, hakuna kinachobaki. Kwa hiyo ukiijua pembe ambayo eksirei zinang'aa, hesabu fupi ya darasa la sekondari inakupa umbali kati ya tabaka. Kanuni hiyo ilisomwa mbele ya wanasayansi wa Cambridge Novemba 1912.

Mwaka uliofuata Lawrence aliigeukia chumvi, na chumvi ikawashangaza wakemia. Walikuwa wamezoea kuandika kwamba sodiamu moja imeoana na klorini moja. Eksirei hazikuiona ndoa hiyo. Ziliona kitu kama ubao wa drafti uliopandishwa ghorofa kwa ghorofa: kila sodiamu imezungukwa na klorini sita, na kila klorini imezungukwa na sodiamu sita, na hakuna anayeweza kusema huyu ni wa yule. Mkemia mkongwe Henry Armstrong alikuwa angali analalamika hadharani mwaka 1927 kwamba chumvi imedhalilishwa. Wakati huo baba na mwana walikuwa na Nobeli yao tayari, ya mwaka 1915. Habari ilimkuta Lawrence kwenye uwanja wa vita, akitafuta namna ya kubaini mahali ilipo mizinga ya adui kwa kupima sauti yake, miezi michache tu baada ya mdogo wake kufa Gallipoli. Alikuwa na miaka 25. Hadi leo hakuna aliyepata Nobeli ya fizikia akiwa na umri mdogo kuliko huo.

Mbinu hizo za mwanzo zilidai fuwele moja, kubwa, isiyo na kasoro. Mwaka 1916 Peter Debye na Paul Scherrer walionyesha kwamba unga unatosha. Ndani ya unga kuna maelfu ya vifuwele vilivyolala kila upande, na lazima vingine vitakuwa vimelala kwa pembe inayotakiwa. Ndiyo maana leo fundi wa maabara anasaga sampuli kwenye kinu kidogo cha jiwe gumu, anaimimina kwenye kisahani chenye kishimo, anaisawazisha kwa kipande cha kioo, kisha anafunga mlango wa mashine. Eksirei zinazotoka kwenye shaba zina mawimbi ya nanomita 0.154. Kipokezi kinazunguka taratibu, digrii baada ya digrii, na kwenye skrini mstari unatambaa chini kabisa. Chumvi inaanza na kilima kidogo kwenye 27.4. Halafu kwenye 31.7 mstari unaruka juu.

Lakini kuijua chumvi si hoja kubwa. Hoja ni kwamba vitu viwili vinaweza kuwa na atomi zile zile, kwa idadi ile ile, na bado visiwe kitu kimoja. Mfano unaoniingia zaidi ni wa ritonavir, dawa ya Virusi vya UKIMWI iliyoanza kuuzwa Marekani mwaka 1996. Mwaka 1998 vidonge vyake vilianza kushindwa mtihani wa kuyeyuka. Kwa kemia dawa ilikuwa ile ile, hakuna kilichopungua wala kuongezwa. Kilichobadilika ni jinsi molekuli zilivyojipanga: fuwele ya aina ya pili, ambayo hakuna aliyewahi kuiona, ilikuwa imezaliwa, na haikuyeyuka kwa urahisi. Mchoro wa eksirei ulionyesha vilele mahali pasipokuwa pake. Mbaya zaidi, aina hiyo mpya ilienea kama chachu: punje chache zikiingia kiwandani, kutengeneza aina ya zamani kunakuwa kazi kubwa. Vidonge viliondolewa sokoni, na wagonjwa wakabaki na dawa ya maji yenye ladha mbaya mpaka kidonge kilipoundwa upya. Ritonavir bado inatumika kwetu ndani ya baadhi ya ARV za mstari wa pili, na ndiyo sababu sioni mantiki ya mtu kudharau suala la mpangilio.

Chokoleti inafuata mkondo huo huo, bila msiba. Siagi ya kakao ina aina sita za fuwele. Watengenezaji wanaitaka ya tano, inayoyeyuka karibu nyuzi joto 34. Hesabu hiyo inapendeza Ulaya. Kwenye kibanda cha bati cha Dar es Salaam mwezi Februari ni habari nyingine.

Eksirei nazo zina udhaifu wake. Zinatawanywa na elektroni, na hidrojeni yenye elektroni moja tu inakaribia kutoonekana. Hapo wanasayansi hugeukia nyutroni, ambazo hugonga kiini cha atomi, huiona hidrojeni vizuri na hupenya sentimita kadhaa za chuma. Clifford Shull na Bertram Brockhouse walipewa Nobeli kwa kazi hiyo mwaka 1994, wakiwa wazee. Nyutroni zinahitaji mtambo wa nyuklia au mashine kubwa mno, kwa hiyo vituo ni vichache. Afrika Kusini ina SAFARI-1 huko Pelindaba, iliyowashwa mwaka 1965.

Eksirei zenyewe zimekwenda mbali zaidi. Oktoba 2012 gari la Curiosity lilichekecha mchanga wa sayari ya Mirihi, likatia chembe zisizozidi kidonge cha aspirini ya watoto kwenye mashine yake, na kugundua madini yanayofanana na ya udongo wa volkano wa Hawaii.

Turudi kwenye vijiko vyetu. Chumvi iliyochemshwa Uvinza na chumvi iliyokaushwa juani Gongoni zinatoa mchoro mmoja, na kilele kirefu ni 31.7. Magadi yana mchoro wake mwingine. Na kama mchuuzi ameyachanganya na chumvi ili mizani ijae, kile kilele cha 31.7 kitachomoza katikati ya vilele vya magadi na kumwumbua.